Uzi wa Mafundo Manne

Kakamega,
Jumapili, 4 Mei 1980

Mdogo wangu Nanjala,

Salamu nyingi kutoka kwangu na kwa shemeji yako Bramwel. Natumaini Baba, dada yake Senje Khalayi na watoto wako wa chekechea hawajambo. Najua mna lawama. Tangu harusi yangu hatujaonana. Mwaka mzima Garissa ilitumeza, na tangu turudi Januari, Jumamosi ni ofisi na Jumapili ni kwaya. Kutoka hapa hadi Mumias si mbali, nakiri. Nitakuja.

Leo nina jambo. Februari, kwenye maonyesho, walimchagua Malkia wa Sukari. Aliyeshinda alikuwa mweupe kuliko wote, nywele zimenyooshwa kwa chanuo la moto. Hilo si neno. Neno ni Dinah, mwenzangu wa ofisini, binti mweusi anayetembea kama aliyejitwika mtungi. Washindani walipojipanga kupigwa picha, Dinah akiwamo, mshereheshaji alimwambia kwenye kipaza sauti, "Wewe dada, rudi nyuma kidogo, utatuharibia picha." Ukumbi mzima ulicheka. Dinah aliteremka, akavua viatu, akaenda nyumbani kwa miguu.

Sisi akina mama wa chama cha kanisa tumeamua kufanya shindano letu. Litaitwa Binti wa Rangi Yake, litakuwa Jumamosi tarehe 2 Agosti, hapa mjini. Hakuna nywele za kuchomwa, hakuna unga wa uso, hakuna kujikondesha. Kila binti ataeleza kazi anayoifanya kwa mikono yake, kisha acheze isukuti akiwa na njuga miguuni. Kanuni ni saba, na nimezipiga chapa mwenyewe. Ya saba inasema atakayepatikana amejichubua ngozi ataondolewa, na jina lake litasomwa mbele ya watu. Hiyo niliitunga mimi. Ilipigiwa makofi.

Nakutaka wewe. Katika nyumba yetu hakuna aliyeirithi rangi ya marehemu Mama kama wewe.

Nenda kwa Mama Navalayo, yule fundi wa cherehani, akupime kwa uzi. Kuanzia ncha ya uzi afunge fundo la kwanza kwenye kipimo cha kifundo cha mguu, la pili kiuno, la tatu kifua, la nne nyonga. La mguu lisisahauliwe, kwa sababu njuga zinatengenezwa na mzee mmoja huko Isecheno, naye hatengenezi za kubahatisha. Nitumie uzi huo ndani ya barua.

Dada yako,
Zipporah Andati


Mumias,
Jumanne, 13 Mei 1980

Dada mpendwa,

Barua yako iliitwa kanisani baada ya ibada, na Senje akanyoosha mkono kabla yangu. Unamjua. Alitaka nimsomee hapo hapo njiani. Nilimsomea yote isipokuwa kanuni ya saba. Alicheka mpaka akashika mbavu. "Siku hizi mtu analipwanga kwa kuwa mweusi? Basi mimi Khalayi ni tajiri, na sikuambiwa!"

Baba hajambo. Miwa ya mwaka huu imesimama vizuri, na nyumba imeezekwa mabati upande wote. Kila mtu hapa ana redio, na kila mtu anaifungulia jirani asikie.

Uzi ndio huu. Mama Navalayo aliponizungushia alisema, "Mwaka jana ulikuwa ufito, sasa umekuwa mtu. Sukari imekukubali." Wote wanasema hivyo. Mwenyewe naona viatu vya harusi yako vinanibana, hasa jioni. Asubuhi uso ndio unaojaa, macho yakawa madogo. Senje anasema ni usichana unaiva.

Nina swali. Hao wakaguzi wenu wataangalia nini hasa? Uso tu, au na mikono? Na mtu aliyewahi kutumia krimu akaacha, naye atasomwa jina? Naulizia mwalimu mwenzangu.

Naogopa jukwaa, lakini kama ni wewe unayeita nitakuja.

Mdogo wako,
Nanjala Shikanga


Kakamega,
Jumatano, 21 Mei 1980

Nanjala wangu,

Uzi umefika. Nimeubandika kwenye shajara yangu, ukurasa wa tarehe 19, na kando yake nimeandika jina lako. Bramwel ananicheka, anasema mke wake huandika hata mvua. Acha acheke.

Kuhusu swali la mwenzako. Uso unaweza kudanganya, vifundo vya vidole haviwezi. Mtu hupaka uso, shingo na mikono ikawa myeupe, lakini vile vifundo hubaki vyeusi kama mbegu za papai. Tunasema, "Kunja ngumi, dada." Hapo hapo imekwisha. Pia tunaangalia masikio kwa nyuma. Wiki iliyopita tulimrudisha msichana mmoja wa hapa mjini. Alikuwa amevaa glavu akidai ana baridi! Tulicheka, lakini alipotoka nilimwona ameegemea ukuta, na sikupenda.

Hata hivyo kanuni ni kanuni. Aliyeacha zamani na rangi imerudi hana neno. Anayepaka mpaka sasa, mwambie asijisumbue kuja. Ninazo sababu za kuwa mkali. Tukilegeza kidogo, wale wa maonyesho watasema, hata hao weusi wenu ni wa kopo.

Mchujo wa Mumias utakuwa Jumamosi tarehe 14 Juni. Dinah atakuja kukagua. Mimi nitabaki ofisini.

Nakuona tayari jukwaani.

Zipporah


Mumias,
Jumapili, 1 Juni 1980

Dada,

Barua hii nimempa Lazarus, yule karani wa mizani ya miwa anayekuja Kakamega mara kwa mara. Sikutaka ipite kanisani. Ukiisoma ichome.

Mwalimu mwenzangu ni mimi.

Nimeanza barua hii mara nne. Unakumbuka siku tatu kabla ya harusi yako? Tulikuwa jikoni, mimi namenya ndizi. Ulinipa kopo la krimu, jipya, bado lina karatasi. Ulisema, "Jipake asubuhi na jioni, mdogo wangu, usije ukaniharibia picha." Sikukasirika, Dada. Nilifurahi kwamba umenikumbuka katika mambo yako mengi. Niliposoma habari za Dinah na yule mshereheshaji, niliweka barua chini, nikaenda kuteka maji ingawa mtungi ulikuwa umejaa.

Lile kopo lilipokwisha nilinunua lingine hapa sokoni, na sabuni yake. Wewe hukuwapo. Watoto walioniita Makaa walianza kuniita Mwalimu. Vijana waliposhuka kwenye trela za miwa walinisalimia mimi kwanza. Nani angeacha?

Barua yako ya kwanza ilipofika niliacha siku nne. Uso ukatoka mabaka, nikarudia. Sasa nikilala nasikia jina langu likisomwa, na sauti ni yako.

Kuna na jambo lingine dogo. Nikibonyeza mguu kwa kidole gumba shimo linabaki, nahesabu mpaka ishirini ndipo linajaa. Na nikienda haja ndogo kunakuwa na povu jingi kama la pombe ya busaa. Labda ni kunona tu.

Tafadhali nitoe kwenye orodha.

Nanjala


Kakamega,
Jumatatu, 9 Juni 1980

Nanjala,

Nimeichoma.

Sikulala vizuri juma hili. Majina yamekwisha kwenda kwa mpiga chapa, na lako ni la tatu. Nikiliondoa sasa, chama kitauliza kwa nini, nami nitasema nini? Kwamba katibu aliyetunga kanuni ya saba ndiye aliyenunua kopo?

Acha krimu leo, na sabuni pia. Usipake tena hata kidogo. Hadi Agosti rangi itakuwa imerudi. Kwa mchujo, simama nyuma nyuma, kunja mikono, Dinah ni mpole. Ile habari ya jikoni usimwambie mtu, hata Senje. Hasa Senje. Wakati ule sote tulikuwa wajinga.

Huko kujisikia vibaya ni wasiwasi. Kunywa maji mengi, upumzike.

Z.


Mumias,
Ijumaa, 20 Juni 1980

Dada,

Nimeshinda mchujo. Tayari umesikia kwa Dinah, lakini yeye hakuona nilichofanya, kwa hiyo nakuambia.

Asubuhi ile nilikwangua masizi ya chungu cha Senje, nikayasaga, nikachanganya na mafuta ya mgando. Nilijipaka uso, shingo na mikono yote, nikifuatisha rangi ya vifundo vyangu vya vidole. Nilikuwa na kipande cha kioo. Nilijipaka mpaka nikafanana na mimi.

Tulikuwa wasichana tisa. Dinah alisema, "Kunja ngumi, dada." Nilikunja. Nikatazama chini. Akasema, "Usiogope, wewe huna la kuogopa," akanishika bega. Ningependa angenipiga kofi.

Tulipocheza, njuga za kuazima hazikuzunguka mguu wangu. Walizifunga kwa kitambaa. Akina mama walipiga vigelegele. Mmoja alisimama akanishika shavu akawaambia wenzake, "Tazameni! Huu ndio mwili wa nyumbani, si wale wao wa fimbo!" Na ngoma ikapigwa. Dada, nilikuwa nahema kama mbwa. Nilidhani nitaanguka.

Baadaye nilikwenda nyuma ya migomba nikajifuta. Rangi yangu ikabaki kwenye kitambaa.

Nimekunywa maji kama ulivyosema. Birika nzima asubuhi, nyingine jioni. Tumbo limekuwa ngoma. Senje haniiti tena aliyenona. Ananiangalia tumbo, halafu ananiangalia usoni, anauliza, "Ni wa nani?" Nimeapa kwa kaburi la Mama. Anasema, "Mama yako alikuwa haapi."

Mama Navalayo alinipima upya ili gauni lipanuliwe. Uzi mpya ni huu. Mwambie na yule mzee wa Isecheno azipanue njuga.

Nanjala


Kakamega,
Jumatano, 25 Juni 1980

Nanjala mdogo wangu,

Lazarus atakupa hii mkononi. Isome peke yako, lakini isome yote.

Jana nilifungua shajara ili niubandike uzi wako mpya chini ya ule wa kwanza, kama kawaida yangu. Niliziweka ncha pamoja. Fundo la kifua lilikutana na fundo la kifua. Fundo la kiuno lilipitana na mwenzake kwa upana wa kiganja. La mguu lilipitana kwa vidole vitatu. Nanjala, mtu hanoni miguu na tumbo kwa wiki tano, kifua kikabaki pale pale. Nilikaa na nyuzi mbili mezani, na ndipo nikakumbuka yale uliyoniandikia tarehe mosi. Shimo la kidole. Povu. Uliniambia! Nilisoma habari ya kopo nikaona aibu yangu tu, na mengine yote nikayapita kama mtu anayepita mgonjwa barabarani.

Nilikwenda kwa Joash, tabibu tunayeimba naye kwaya. Sikutaja jina. Nilipofika kwenye povu aliweka kalamu chini. Akauliza, "Huyo dada anajichubua?" Nikasema ndiyo. Akasema ndani ya zile krimu na sabuni mna zebaki, nayo hupita kwenye ngozi ikaenda kukaa kwenye figo. Amewaona wengine. Nilimuuliza kama walipona. Akasema, "Waliokuja mapema." Nikauliza mapema ni lini, akasema, "Usikae hapa kuniuliza. Mlete."

USINYWE MAJI MENGI TENA. Ni mimi niliyekudanganya kwa kutojua. Usitie chumvi kwenye chakula. Kopo na sabuni zitupe, au zilete Joash azione.

Panda gari kesho asubuhi uje. Usijali orodha, usijali Dinah, usijali mtu. Ukiona kichwa kinauma sana au huoni vizuri, mwambie Baba akubebe hata kwa trela ya miwa.

Naogopa, Nanjala. Nikisikia hatua mlangoni nadhani ni mtu ameleta habari.

Zipporah


Mumias,
Ijumaa, 27 Juni 1980

Dada,

Siwezi kutoka. Jana nilifunga kitambaa kichwani nikafika barabarani, Senje akanifuata. Amemwambia Baba kwamba nina mimba, na kwamba ninakimbilia Kakamega kwenda kuitoa. Tangu jana Baba amekaa mlangoni na fimbo yake. Chakula hakigusi.

Nilitaka kumwonyesha barua yako. Lakini mna habari ya kopo, na ulisema nisimwambie mtu.

Leo asubuhi macho hayakufunguka mpaka nilipoyakanda kwa maji. Naandika polepole kwa sababu vidole havikunjiki. Lazarus anangoja nje, anajifanya ana shida na baiskeli.

Niambie nimwambie nini Baba.

N.


Kakamega,
Jumapili, 3 Agosti 1980

Mdogo wangu,

Naandika kwenda wodini Kisumu na sijui barua hii itakukuta ukiwa katika hali gani. Kwa juma zima sina habari. Joash alisema daktari ataandika, na kila siku naenda posta, na kila siku nikiona bahasha natamani isiwe yangu.

Tangu tukuache huko hatujapata nafasi ya kusema mambo, na siku ile niliyokuja nyumbani, baada ya kupata barua yako ya mwisho, hukuwa wa kusikia. Basi nikuambie. Ulilala nyuma ya mlango, hukuona. Nilifika na Joash. Baba alisimama na fimbo, akasema, "Mmeleta daktari wa kutoa mtoto nyumbani kwangu?" Joash hakubishana. Aliomba mkojo wako kwenye chupa, akawasha taa ya spiriti hapo hapo uani, mbele ya Baba na Senje, akauchemsha. Ukaganda, mweupe kama ute wa yai. Joash akasema, "Mzee, huyu hana mtoto. Hii ni nguvu ya mwili wake, inamtoka." Baba aliangalia ile chupa muda mrefu. Akauliza, "Nani amemfanyia hivi?"

Nikasema ni mimi. Nilimwambia ya jikoni, ya kopo, ya picha. Hakunipiga. Alikwenda ndani akaleta picha ya harusi yangu, ile iliyotundikwa juu ya redio, akanipa mkononi, akasema, "Basi ichukue. Imetoka vizuri." Tangu siku ile hajaniita kwa jina.

Daktari wa Kisumu aliniuliza ulianza lini kupaka, ulivimba lini, lini miguu, lini uso. Nilimpa shajara. Nilimfungulia tarehe 27 Desemba 1978. Nilikuwa nimeandika: "Nimempa N. krimu. Amefurahi." Maneno manne tu. Aliyasoma akayanakili.

Sasa nikuambie ya jana, kwa sababu ulikuwa wa tatu kwenye orodha na una haki ya kujua.

Ukumbi ulijaa mpaka madirishani. Wasichana walikuwa kumi na mmoja. Aliyeshinda ni binti wa Buyangu anayelea miche ya msitu, mweusi, mwembamba, meno ya mbele yana mwanya. Aliposema, "Kwa mikono hii nimepanda miti elfu mbili," watu waliinuka. Alipopigwa picha, Dinah alimsimamisha mbele, naye Dinah akasimama kando yake. Ungelia.

Kabla ya hapo ilifika kanuni ya saba. Nilikuwa na karatasi ya majina matatu. Nilipanda jukwaani, nikaiangalia, nikaikunja. Nikasema jina ninalosoma ni moja. Nikasoma, "Zipporah Andati, katibu." Nikawaambia nilimnunulia mdogo wangu kopo ili asiniharibie picha, na kwamba kwa sasa yuko hospitali. Nikasema tena, tulimshangilia kwenye mchujo kwa sababu amejaa, kumbe tunaushangilia ugonjwa.

Nilifikiri watanizomea, na nilikuwa tayari. Halafu nikasikia sauti kule nyuma, unaijua sauti ile: "Andika na Khalayi! Mimi nilimwitanga aliyenona. Halafu nikamwita malaya. Andika!" Senje alikuwa amekuja peke yake, amevaa kitambaa chake cha kanisa. Mama Navalayo akasimama pia. Akasema, "Mimi ndiye niliyefunga fundo. Nilishika uzi wa kwanza na wa pili, nikasema sukari imemkubali." Dinah alikuja akasimama karibu nami, akawa anaangalia vifundo vyake vya vidole.

Leo asubuhi mwenye duka lililo mkabala na kanisa ameondoa makopo dirishani. Bado yapo, ameyasogeza ndani tu.

Njuga zako nimezichukua. Mzee wa Isecheno alizitengeneza kwa kipimo cha uzi wa Mei. Uliponiandikia azipanue nilimpelekea habari, naye hakuzigusa, alisema kwanza aone uzi mwingine. Sasa anauliza azipanue au aziache. Zipo mezani, na nikipita zinalia kidogo kwa sababu ubao umelegea. Bramwel anataka kuziweka kabatini. Nimekataa.

Andika hata mstari mmoja. Kama huwezi, mwambie muuguzi.

Dada yako, kama bado unaniita hivyo,
Zipporah


Kisumu, Wodi ya Wanawake,
Jumapili, 17 Agosti 1980

Dada Zipporah,

Bado nakuita hivyo. Nilikasirika kwa siku nyingi nikiwa nimelala hapa, usidhani sikukasirika. Nilikuwa natunga barua kichwani, mbaya sana. Ungeichoma bila kuambiwa. Lakini mkono ulikuwa hauwezi kushika kalamu, na ulipoweza, ile barua ilikuwa imekwisha.

Yako imekaa chini ya mto siku tano kabla sijaisoma. Niliogopa, nilidhani unaniandikia kwamba Baba amekufa kwa aibu. Nilipofika kwenye maneno ya Senje nilicheka mpaka mahali pa sindano pakauma, muuguzi akaja mbio.

Nakuambia ya hapa. Kitanda cha dirishani kulikuwa na msichana anayeitwa Nafula, mwalimu kama mimi, mweupe kama mimi. Tulionyeshana vifundo vya vidole siku ya kwanza, ndivyo tulivyosalimiana. Alitumia miaka mitano. Jumanne alfajiri niliamka nikaona wanatandika kitanda chake shuka safi, na viatu vyake bado viko chini. Hakuna aliyeniambia neno, wala sikuuliza. Tangu siku hiyo nikiamka kitu cha kwanza nabonyeza mguu, nahesabu. Wakati mwingine naogopa kubonyeza, nahesabu tu.

Daktari anasema bado miezi. Anasema figo ni kama mtoto aliyepigwa, hurudi nyumbani polepole na mwingine harudi. Kila asubuhi wanachemsha ile chupa. Zamani iliganda yote. Juzi iliganda chini tu, juu ilikuwa maji. Muuguzi aliileta kitandani nione. Ijumaa ilikuwa hivyo hivyo. Jana sijui, walisahau kuniambia, nikakosa usingizi.

Uso unarudi kwa mabaka, kama ukuta unaobanduka chokaa. Wananipa kioo, sikitaki. Naangalia vidole. Vifundo havikuwahi kukubali, Dada. Muda wote ule nilivipaka kuliko mahali popote.

Baba alikuja Jumatano. Alileta ingokho, kuku wa nyumbani, ameichemsha mwenyewe, bila chumvi, ameambiwa na Joash. Ilikuwa mbaya kabisa. Tulikula yote. Alipoondoka alisema, "Msalimie yule wa Kakamega." Ndiyo salamu hii. Ipokee.

Nimeomba uzi wa kushona kwa muuguzi. Nimejipima mwenyewe leo asubuhi, mguu tu, mguu wa kulia, kabla sijateremka kitandani. Una fundo moja. Usiuamini kwa macho. Fungua shajara ukurasa wa tarehe 19 Mei, weka ncha juu ya ncha, kama unavyofanya. Mimi nimekisia kwamba unapita ule wa Mei kwa upana wa kidole kimoja, kidole chembamba. Nimekisia tu, kwa hiyo pima, uandike tarehe.

Nitakutumia mwingine kila Jumapili. Jumapili usipoupata, njoo.

Na yule mzee wa Isecheno, mwambie asizipanue. Aziache.

Mdogo wako,
Nanjala